Ufundi wa Kusimama

Mtembeza watalii wa Mji Mkongwe, Unguja, ana wasaidizi wengi asiowalipa. Ana milango ya kuchonga, ana Ngome Kongwe, ana kanisa la Mkunazini lililojengwa pale palipokuwa na soko la watumwa, ana habari za Freddie Mercury aliyezaliwa kisiwani hapa mwaka 1946. Hata Beit al Ajaib, ambayo sehemu yake iliporomoka Disemba 2020, bado inamsaidia: mgeni anainua kichwa, anashangaa, na mtembezaji anapata nafasi ya kufuta jasho. Tangu mwaka 2000 mji huo umo katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO, na mgeni ameshasoma la kutazama kabla hajapanda ndege.

Vuka barabara ya Benjamin Mkapa pale Darajani, wasaidizi wote hao wanabaki nyuma. Mbele ni Ng'ambo, wanakokaa watu wengi wa mji huu: nyumba za mabati na vibaraza vya saruji, maduka ya vocha na mchele, skuli, misikiti ya mtaa, na katikati yake majumba marefu ya Michenzani. Mgeni asiye na mwenyeji hupita humo kidogo tu, akarudi Forodhani kusema hakuna kitu. Na kwa macho yake, kweli hakuna kitu. Nyumba iliyoshuhudia mgomo wa enzi za Waingereza na nyumba iliyoezekwa juzi zina bati la aina moja, na nguo zilezile zimeanikwa mbele.

Kwa hiyo anayemwingiza mgeni Ng'ambo hana budi kuifanya kwa mdomo, kwa mwendo na kwa kunyamaza, kazi ambayo upande wa pili inafanywa na mawe. Nawahusudu watu hawa. Wako wanaokwenda kwa miguu. Wanaonivutia zaidi ni wale wa baskeli, na baina yao yuko mmoja, mtu wa makamo, mzaliwa wa Miembeni, ambaye msafara wake nimeufuata mara kadhaa nikiwa mkiani, kazi yangu kutazama tu.

Ulaya kazi ya namna hii wamekuwa wakiifanya kwa Segway, kile kipando cha umeme chenye magurudumu mawili sambamba, ambacho mtu hukipanda wima na kukiendesha kwa kuegemea: ukiinama mbele kinakwenda, ukirudi nyuma kinasimama. Mmarekani Dean Kamen alikizindua mwaka 2001 kwa tamaa kubwa kwamba miji ya dunia ingejengwa upya kwa ajili yake. Miji haikujengwa upya. Mwaka 2020 utengenezaji ukasitishwa, lakini kwa karibu miaka 20 hiyo kipando kilijipatia riziki kwa watalii wenye helmeti, wamejipanga nyuma ya kiongozi mmoja, wakizungushwa Paris, Roma na Barcelona. Prague walichoka mapema: mwaka 2016 jiji likavipiga marufuku vipando hivyo katika mitaa yake ya kale, baada ya wenyeji waendao kwa miguu kulalamika kwamba hawana tena pa kupita.

Kwa maoni yangu lawama ile ilielekezwa kwa chombo bure. Chombo hakina adabu, wala hakina utovu wa adabu. Anayejua kupisha ni kiongozi, na kama kiongozi hajui, hata msafara wa watu 6 wanaotembea kwa miguu unaweza kuuziba mtaa mzima na kuwanunisha wenyewe. Ng'ambo vichochoro vyake ni vyembamba na watu wake wanaishi nje: barazani, mlangoni, chini ya mwembe, kwenye benchi la fundi cherehani. Barabara ndiyo sebule yao. Kuingiza baskeli 6 katika sebule ya watu na kutoka humo umeagwa vizuri, hiyo ni kazi ya fundi.

Ufundi wenyewe unaanza kabla ya safari. Baskeli zimeegemezwa ukutani, na wageni wanaambiwa kila mmoja achague. Mtembezaji hawaulizi kama wanajua kuendesha, maana mtu mzima hakubali kwamba hajui. Anawatazama mikono. Aliyeshika breki kwanza ndipo akarusha mguu, huyo anaendesha kila siku kwao. Aliyeshika kiti, akaitazama pedali, akacheka peke yake, huyo mara ya mwisho alipanda akiwa mtoto. Ameshawapanga wote kichwani kabla hawajamaliza kujipaka mafuta ya jua.

Kisha anachukua spana, anashusha viti. Anavishusha chini kuliko wanavyopenda, mpaka nyayo mbili zikanyage ardhi sawasawa. Kuna mmoja siku zote atakayelalamika, mwenye miguu mirefu aliyezoea baskeli za mashindano, kwamba magoti yanamgonga. Anasikilizwa, anaitikiwa kwa kichwa, na kiti hakipandishwi. Huko waendako hawatahitaji mbio. Watahitaji kusimama ghafla kwa sababu ya mtoto, ya kuku, au ya mkokoteni wa hamali uliotokea kwenye kona, na anayesimama kwa ncha ya kidole huanguka.

Somo la kwanza ni hilohilo la kusimama. Mtembezaji anakwenda mbele, anainua mkono wa kushoto, ngumi imefumbwa, na wote wasimame bila mtu kugusa gurudumu la mwenziwe. Wanarudia. Wanarudia tena, wageni wakianza kuona ni mchezo wa kitoto. Anasikiliza kwa nyuma bila kugeuka: viatu vikikwaruza chini ina maana mtu ametegemea miguu badala ya breki. Kwaruzo likiisha, safari inaanza. Walimu wa Segway nao, nasikia, humfundisha mgeni kusimama kabla ya kumfundisha kwenda, na hapo ndipo wanapokutana na fundi wetu.

Mpangilio wa mstari nao una hesabu yake. Asiyejiamini anakaa nyuma ya mtembezaji moja kwa moja, ili mwendo wake ndio uwe mwendo wa wote. Hodari anawekwa karibu na mkia, mbele ya msaidizi. Mume na mke hawafuatani, la sivyo watageuziana shingo kuzungumza. Sharti hili la mwisho halisemwi, linafanyika tu, kwa maneno ya heshima, "mama njoo hapa karibu yangu unisaidie kuangalia njia."

Darajani ndiyo mtihani wa kwanza. Hapo pana soko lililojengwa mwaka 1904, Marikiti kwa wenyeji, pana daladala zinazoita abiria, bodaboda, akina mama wenye vikapu, na vijana wanaouza viatu vya mtumba. Msafara unashuka, baskeli zinasukumwa. Mtembezaji hanyanyui mkono kama trafiki. Anamtafuta dereva kwa macho, anampata, wanaelewana, ndipo anatia gurudumu lake barabarani, na la kwake ndilo linalosimama katikati mpaka wa mwisho apite. Hapo haelezi lolote. Kelele nyingi, na mgeni anaogopa, aliyeogopa hasikii.

Wakishavuka, wakishatulia kivulini, ndipo anawaambia geukeni nyuma. Hapo mlipovuka palikuwa bahari. Maji yalikuwa yakiingia na kutoka kwa kupwa na kujaa, na bamvua likija Mji Mkongwe ulikuwa karibu uwe kisiwa. Palikuwa na daraja. Waingereza waliuacha ukanda huu wazi, wakafukia maji kidogo kidogo hadi miaka ya 1950, na uwazi ule ulitumika kuutenga mji wa mawe na mji wa udongo na makuti. Maneno yenyewe hayazidi hayo. Ustadi uko katika kuyasema baada ya kuvuka, kwa watu ambao miguu yao ndiyo kwanza imetoka kupita juu ya maji yaliyofukiwa. Angeyasema upande ule mwingine yangekuwa maelezo kama maelezo mengine.

Ndani ya mtaa mwendo unabadilika. Kengele anaitumia kwenye kona tu, ili anayekuja ajue. Hampigii mtu kengele ya mgongoni. Kwa mtu anatumia sauti: "Hodi njia, mama," na mama anasogeza beseni lake la samaki bila kununa. Akiona baraza ina wazee, anashuka hatua 10 kabla ya kuifikia. Hasemi kitu. Aliyemfuata anamwona ameshuka, naye anashuka, mpaka mkiani, kila mmoja akidhani amebuni mwenyewe. Wanapita mbele ya wazee wakiwa wima kwa miguu yao, hawako juu ya chombo, na salamu inapata nafasi.

"Asalaam alaykum, wazee wangu."

"Waalaykum salaam. Za asubuhi, mwanangu?"

"Alhamdulillahi. Nawapitisha wageni kidogo, kwa ruhusa yenu."

"Wapite. Wa wapi hawa?"

"Wajerumani, babu."

Mzee mmoja akaweka kete yake ya dhumna mezani, akawatazama kwa zamu. "Wajerumani! Waulize, wamekuja kukagua majumba yao?"

Baraza nzima ilicheka. Mtembezaji naye akacheka kwanza, kama inavyostahiki, ndipo akawatafsiria wageni, na nyuso zao zikauliza: majumba gani? Hapo ndipo nilipoona ustadi wa mtu huyu. Kituo kilichofuata kilikuwa Michenzani. Alikuwa na hotuba yake tayari, ameisema miaka, lakini hakuitoa. Alimrudia mzee: "Babu, wao walikuwa hawajazaliwa. Waeleze." Mzee akawaeleza, na mtembezaji akabaki kuwa ulimi tu. Kitu ambacho wageni walikwenda nacho Michenzani kilikuwa kimetoka kwa mwenye nyumba.

Habari yenyewe ni hii. Baada ya Mapinduzi ya 1964 Zanzibar ilikuwa nchi ya kwanza ya Afrika kuitambua Ujerumani Mashariki, na Wajerumani hao wakaleta wataalamu. Walianza na majumba ya Kilimani na Kikwajuni, na mwaka 1968 mchoraji wao wa mipango miji, Hubert Scholz, akaandaa ramani ya mji mpya. Mzee Abeid Amani Karume aliitaka Ng'ambo iwe mji wa kisasa kuliko ule wa masultani, Mwafrika akae ghorofani, awe na bomba na umeme. Nyumba nyingi za zamani zikabomolewa, zikapasuliwa barabara mbili pana zinazokatana, na kandokando yake yakasimama majumba marefu kama mabehewa ya treni. Watu wa mji waliitwa kuchangia nguvu zao katika ujenzi.

Vitabu vinatoa vipimo. Mtembezaji wetu hatoi. Anawapeleka wageni kwenye kichwa cha jumba moja, anawaambia tuendesheni mpaka mwisho wake, pole pole, bila kuzungumza. Wanaanza. Ngazi ya kwanza, ngazi ya pili, nguo kwenye vibaraza, dishi, mtungi wa maua, duka la kinyozi, ngazi nyingine, mtoto anachungulia, ngazi nyingine tena. Jumba haliishi. Mgeni anaanza kutazama mbele kutafuta mwisho. Wanapofika, mapaja yao yameshapima urefu wa ndoto ile ya saruji, na hakuna anayeuliza ni mita ngapi. Segway isingeweza kulifanya hili, kwa kuwa anayeipanda hachoki.

Baada ya ukubwa anawaonyesha udogo. Anaonyesha ndoo. Kwa miaka mingi maji yalikuwa hayana nguvu ya kupanda mpaka ghorofa za juu, na ndoo zilipandishwa kwa ngazi na akina mama na watoto. Hasemi kwamba mpango ulishindwa, wala hasemi ulifaulu. Anataja kwamba watu wamezaliwa humo, wameozesha humo, na ghorofa zile leo si rahisi kuzipata ukizitaka. Ubao wa maskani ya Kisonge, maarufu kwa maneno yake ya siasa, uko karibu na hapo. Siku ambazo ubao umeandikwa kitu kikali anaupita bila kuupunguzia mwendo.

Nimesema kwa mdomo, kwa mwendo na kwa kunyamaza. Watu wengi wanaosomea kazi hii huko Maruhubi, katika chuo cha utalii ambacho sasa kiko chini ya Chuo Kikuu cha Taifa cha Zanzibar (SUZA), wanahitimu wakiwa hodari wa mdomo. Kiitaliano kinawatoka, Kijerumani, Kifaransa. Tarehe wanazo. Kamisheni ya Utalii inawapa vitambulisho, na ni jambo jema, kwa sababu kabla ya hapo kila papasi wa bandarini alijiita mwanahistoria. Lakini mdomo peke yake una hatari Ng'ambo. Nimewasikia wengine wakimwonyesha mgeni nyumba ya mtu na kusema "hawa ni maskini, angalia paa", mwenye paa amesimama hapohapo na fagio mkononi. Wanadhani kwa kuwa wamesema Kiingereza hawajasikika.

Mtu wangu ana kanuni juu ya hili, na ndiyo kanuni pekee aliyowahi kunieleza kwa maneno: sema kila kitu kama kwamba mwenye duka anaijua lugha unayosema. Si dhana tupu. Zanzibar ilipeleka vijana wake Ujerumani Mashariki kusoma, na baadhi yao leo ni wazee wa kanzu na bakora waliokaa barazani wakijifanya hawasikii.

Kanuni hiyo inapimwa Rahaleo. Jengo la pale lilijengwa na Waingereza miaka ya 1940 liwe ukumbi wa watu wa Ng'ambo, na redio ikatangazia humo. Tarehe 12 Januari 1964 wanamapinduzi waliligeuza makao yao, na sauti ya mmoja wa viongozi wao, John Okello, ikatoka hewani kutangaza kwamba utawala wa Sultani umeondoka. Wageni wengi wamekuja wameshasoma kuhusu siku zile, na swali lao liko mdomoni kabla hawajashuka: walikufa wangapi?

Anavua kofia. Sauti anaishusha, haibadilishi rangi. Anataja tarehe, anataja jengo, anataja dhiki na ubaguzi uliotangulia, anataja kwamba watu wengi waliuawa, wengine wengi wakakimbia wasirudi, na kwamba katika mitaa hii ziko nyumba zinazoipokea Januari kwa sherehe na ziko nyumba zinazoipokea kwa kufunga milango, na majirani hao wanaozeshana na kuzikana. Idadi haitaji, kwa kuwa kila anayeitaja ana yake. Kisha anasema: "Maswali ya hapa tutayajibu tukishapanda baskeli tukafika kwenye miti." Wanapanda, wanakwenda, na huko mbele, mbali na masikio ya wenye makovu, anayajibu yote kwa utulivu mpaka wageni wenyewe wachoke.

Kuna kituo kingine nikipendacho ambacho hakina jengo kabisa. Ni mbele ya nyumba ya kawaida ya chumba na ukumbi. Anawauliza wageni: nyumbani kwenu, ardhi iliyo chini ya nyumba ni ya nani? Wanajibu, wengine kwa fahari, wengine wanataja benki na kucheka. Basi hapa, anasema, zamani nyumba ilikuwa yako na ardhi ya mwengine. Ulijenga kwa miti na udongo wako, ukaezeka kwa makuti au kwa madebe yaliyopondwa, na kila mwezi ukamlipa kodi ya kiwanja tajiri aliyekaa upande wa pili wa maji. Mwaka 1928 watu wa Ng'ambo waligoma kulipa. Mwanahistoria Laura Fair ameieleza habari hiyo kwa kirefu katika kitabu chake cha mwaka 2001 kuhusu michezo, mavazi na siasa za Ng'ambo.

Mwaka huohuo wa 1928, anaendelea, Siti binti Saad, mtoto wa shamba kutoka Fumba aliyehamia mjini, alikwenda Bombay na wenzake kuimba kwenye santuri. Nyumbani kwake Ng'ambo ndiko watu walikokuwa wakikusanyika usiku kumsikiliza akiwaimba matajiri, mahakimu na majambazi wa mji huo. Mgomo na santuri, mwaka mmoja, mtaa mmoja. Anaviweka viwili hivyo pamoja, anapanda baskeli yake, anaondoka. Mgeni mwenye akili huunganisha mwenyewe huku akikanyaga pedali.

Mambo mengine yanafanyika haraka na mtu asiyetazama hawezi kuyaona. Kamera hukaa kapuni mpaka kituo cha tatu, kwa kisingizio cha usalama wa njia. Kufika hapo mgeni ameshasalimiana na watu wa kutosha kiasi kwamba anaona haya kumpiga mtu picha bila kumuomba. Watoto wanaokimbia nyuma wakiita wazungu hawafukuzwi wala hawapewi peremende. Mmoja anaulizwa jina la mwalimu wake na mbio zinaisha. Mvua za masika zikinyesha anajua kichochoro gani kimejaa maji bila kukiendea. Ijumaa anamaliza mapema. Ramadhani chupa za maji zinanywewa ndani ya ofisi, na msafara hupangwa alasiri, harufu ya mapishi ya futari ikianza kutoka uani, jambo ambalo hakuna maelezo yanayoweza kulizidi.

Na kahawa. Muuzaji anakaa na dele lake la shaba juu ya makaa, vikombe vidogo vinagonganishwa mkononi, kashata kando. Msafara unasimama, unakunywa, unalipa. Lakini wauza kahawa wako kadhaa kwenye njia ile, na mtembezaji anawazungukia kwa zamu, hasimami kwa mmoja siku mbili mfululizo. Nilidhani ni kwa ajili ya wageni waonje tofauti. Ni kwa ajili ya mtaa: akimpendelea mmoja, wengine watatu watamnunia, na kununa kwa wauza kahawa kunafika kila baraza kabla ya magharibi.

Kazi hii ina tatizo ambalo mtembezaji wa Mji Mkongwe hana, kwamba mtaa wenyewe haukai. Kwahani nyumba za zamani zimebomolewa kupisha maghorofa mapya. Pembeni ya majumba ya Wajerumani limesimama Michenzani Mall, jengo la Mfuko wa Hifadhi ya Jamii, na vijana wanaona hilo ndilo la kumwonyesha mgeni. Darajani nayo imepata maduka mapya. Miaka ya karibuni Idara ya Mipango Miji na Vijiji, pamoja na shirika la African Architecture Matters la Uholanzi, waliendesha mradi wa "Ng'ambo Tuitakayo", wakachapisha atlasi nene ya ramani na picha za Ng'ambo yote. Ni kitabu kizuri, na mtembezaji wetu anacho. Anakitumia kwa namna yake: anapoona nyumba iliyomo kitabuni imevunjwa, haondoi kituo. Anasimama palepale, mbele ya geti la mabati la mkandarasi, anaonyesha ukurasa, kisha anamuita anayekaa mkabala amweleze mgeni nani alikuwa akikaa hapo. Na huyo wa mkabala daima anajua zaidi ya kitabu.

Je, ufundi huu hufundishika? Yeye anafundisha kwa kumweka mtu mkiani. Msaidizi wake wa sasa ni binti, amehitimu Maruhubi, anapanda baskeli kwa suruali pana na hijabu iliyopigwa pini sawasawa, na mwanzoni alipata maneno ya barazani ambayo sitayaandika. Alikaa nyuma muda mrefu, akitazama migongo. Mkiani ndiko unakojifunza nani amechoka, nani amechukia, nani anatafuta choo na anaona aibu kusema. Kisha akapewa kituo cha kahawa. Baadaye akapewa nyumba ya mgomo, na akaieleza vizuri kuliko mwalimu, kwa kuwa yeye anaiuliza familia yake mwenyewe: bibi yake ndiye aliyemsimulia kuhusu kodi ile.

Rahaleo hajapewa bado. Lakini amekileta kituo ambacho mwalimu wake, kwa miaka yote hiyo, hakuweza kukisimamia, maana mwanamume hapigi hodi akaingia uani kwa watu. Kisimamajongoo yuko mama anayepikia shughuli, na binti huyu anaingia na wageni wa kike mpaka kwenye mafiga, wanakaa kwenye vibao vya mbuzi kukuna nazi, wanacheka yanayochekwa huko. Wanaume wanabaki nje na baskeli, pamoja na mwalimu. Kituo hicho hakimalizwi chini ya nusu saa, na njia nzima imebidi ipangwe upya kwa ajili yake: Kikwajuni imeondolewa, kahawa imesogezwa mwisho, na wauza kahawa wa mwanzo wa njia wameshaanza kuuliza kulikoni.